Mtani Asiyekombolewa

Siku ile ilianza vizuri tu. Hidaya alisonga ugali, akaunga matembele kwa karanga, akafunika chakula cha mumewe na kushika njia ya bomani. Milima ya Uluguru ilikuwa imejitanda wingu hadi mabegani, kama kawaida yake asubuhi. Mjini watu walikuwa wakitega masikio kusikia gari moshi, maana siku hizo gari moshi lilikuwa bado jambo jipya Morogoro na halijamchosha mtu.

Mumewe, Hatibu, alikuwa akifanya kazi ya kulipia kodi katika bustani ya Wadachi. Bustani yenyewe ilikuwa bado uwanja wa vumbi wenye vijiti na kamba, kwa kuwa Mdachi na mstari ulionyooka ni chanda na pete: hata pa kupungia upepo lazima papimwe. Msimamizi wao, mzungu mrefu ambaye watu walimwita Bwana Bustani, alikuwa amechora vijia vya kokoto vikutane katikati. Hapo katikati ndipo litakapowekwa jiwe la kuwakumbuka wanajeshi wao waliofia vitani kusini. Jiwe lilikuwa limekwisha teremshwa kutoka mlimani, kwa magogo na migongo ya watu. Waliokufa upande wa pili wa vita ile hawakuwekewa hata kokoto moja, lakini hilo halikuwa la kusemwa kwa sauti.

Na lilikuwapo jambo lililosemwa kwa sauti ya chini zaidi. Kabla ya bustani, pale palikuwa na kichaka. Kilikuwa kidogo, cha miti minene, hakikatwi kuni wala hakichungiwi mbuzi, kwa sababu ukoo mmoja wa Kiluguru ulizika watu wake humo tangu enzi na enzi. Wadachi walipokifyeka, ukoo ule ulikuwa umekwisha tawanyika, wengine kwa njaa, wengine kwa vita. Aliyebaki karibu alikuwa bibi mmoja tu, aliyehamia juu mlimani katika kijiji cha misheni na kubatizwa Yuliana.

Hatibu alikuwa mtani wa ukoo huo. Sizungumzii utani wa kuchekana sokoni. Huu ulikuwa utani wa kuzikana. Ukoo mmoja ukifiwa, ule wa pili ndio unaochimba kaburi, na ndio unaoleta mizaha ili wafiwa wasizame kabisa katika kilio. Upo mzaha mmoja ulio mkubwa kuliko yote: mtani hujitupa ndani ya kaburi, akajilaza, akagoma kutoka. "Sitoki! Nyumba nzuri hii, maiti akatafute pengine!" Watu hucheka na machozi yao usoni. Kisha mwenye maiti humletea kuku, humwambia, "Inuka mtani, nimekukomboa." Mtani hutoka, maiti huingia, na dunia hurudi mahali pake. Mzaha huo una sharti lake, na kila mtoto wa milima ile analijua. Mtani halali kaburini ikiwa mwenye maiti hayupo.

Hatibu alilijua vizuri. Lakini Hatibu alikuwa mchekeshaji, na mchekeshaji akiona kundi la watu walionuna hujisahau.

Hidaya alipofika aliwakuta vibarua wamelizunguka shimo la msingi, majembe chini, hakuna anayechimba. Jana yake jioni walikuwa wamegonga mifupa. Ilikuwa ya mwanamke, maana kwenye mkono kulikuwa na vikuku vya shaba vilivyogeuka kijani. Mnyapara wao, Mikidadi, alikuwa amemtuma mtu mlimani kwa siri akamwite bibi Yuliana, mwenye makaburi. Mtu huyo alirudi asubuhi peke yake. Alisema alibisha mlangoni mpaka akachoka.

Basi wakasimama hivyo, mbele kiboko, nyuma mizimu.

"Loo, nyuso gani hizi?" Hatibu alisema. "Mbona mmevaa misiba isiyo yenu? Hawa ni watani zangu mimi. Kuwatoa ni kazi yangu." Akaruka ndani ya shimo, akajilaza kando ya ile mifupa kwa ubavu wa kulia, akaweka mkono chini ya shavu. "Mimi sitoki! Mwenye maiti aje anikomboe!"

Vibarua wakacheka. Hidaya naye alicheka, hata akaziba mdomo kwa upindo wa kanga. Lilikuwa jambo la kuchekesha kweli. Baadaye alijuta kicheko kile kuliko kitu chochote alichowahi kufanya.

Bwana Bustani alitokea na shaushi wa askari nyuma yake. Hakuuliza. Shaushi alimshika Hatibu mguu, akamburuta nje ya shimo, na pale pale juu ya kokoto akamchapa hamsa ishirini, viboko ishirini na tano. Mifupa ilikokotwa kwa koleo, ikatiwa katika mkokoteni, ikaenda kutupwa mtoni pamoja na visiki. Mto ulikuwa umejaa. Kilichoingia mle hakikuonekana tena.

Hatibu hakulia hata kwa fimbo moja. Watu walimsifu kwa uanaume wake, na Hidaya, pamoja na uchungu wote, akajisikia fahari.

Jioni Hatibu alirudi nyumbani kwa miguu yake. Hidaya alikuwa ameandaa maji ya moto ya chumvi na kitambaa safi.

"Vua nikukande, baba."

Akavua, akageuka. Mgongo ulikuwa mzima. Hapakuwa na mchirizi wala uvimbe. Palikuwa na udongo mwekundu, mbichi, umegandama upande wa kulia kutoka begani hadi kiunoni. Hidaya aliufuta wote. Akachovya kitambaa, akakikamua, akageuka. Udongo ulikuwa pale pale.

"Hatibu, imekuwaje?"

Hakujibu. Alikaa kitandani. Kitanda kile cha kamba kilikuwa na makelele yake, hata paka akikirukia kililalamika. Safari hii kilinyamaza. Hatibu akajilaza kwa ubavu wa kulia, mkono chini ya shavu, na kamba hazikubonyea.

Hidaya alisoma Ayatul Kursiyu mpaka ulimi ukakauka. Akajiambia ni machovu. Akajiambia kupigwa kunaweza kumfanya mtu bubu kwa muda. Mtu akitaka kujidanganya hakosi maneno.

Siku zilizofuata Hatibu hakuomba maji. Joto la Morogoro lote lile, mtu asiombe maji! Chakula alikitia mdomoni, taya zikaenda, koo likapanda na kushuka. Hidaya alipokunja mkeka alikikuta chote chini yake, kikavu, hakijaguswa na jino. Majirani walikuja kumpa pole, wakamtania kidogo ili naye awatanie, wakaondoka haraka bila kuaga. Na kila alfajiri Hatibu alionekana mwembamba zaidi. Hakukonda. Alikuwa kama nguo inayofuliwa kila siku mpaka unaona mkono wako upande wa pili.

Siku moja, jua likiwa la utosi, Mikidadi mnyapara alimjia Hidaya kwenye kibanda alichouzia togwa karibu na boma. Alikuwa mtu mnene, mpenda amri. Siku hiyo hakuamuru.

"Shemeji," alinong'ona, "mumeo yuko wapi?"

"Nyumbani. Amelala."

"Una hakika?"

"Nimemwacha sasa hivi, Mikidadi. Kuna nini?"

"Njoo uone. Ukifika, usipige kelele. Nakuomba."

Bustani ilikuwa imependeza. Hilo ndilo lililomtisha Hidaya kwanza, jinsi ilivyopendeza. Miche ya mijohoro imemwagiwa maji, kokoto zimefagiliwa. Vibarua walikuwa wamesimama mbali na shimo, wamelipa mgongo. Hidaya akakaribia. Jua lilikuwa juu kabisa, linamulika hadi chini, hapana hata kivuli cha kumdanganya mtu.

Hatibu alikuwa mle.

Alikuwa amelala kwa ubavu wa kulia. Mkono chini ya shavu. Mgongo umechanika kwa viboko, damu bado mbichi, nzi hawaigusi. Uso wake ulikuwa na kile kicheko cha siku ile, kimebaki vilevile, ila macho yalikuwa yakilia. Yalimwona. Yakamfuata alipopiga magoti.

Midomo ikacheza.

"Mwenye maiti amekuja?"

Hidaya aliuma kanga yake asipige ukelele. Mikidadi akamvuta kwa bega.

"Bwana Bustani amechungulia asubuhi, ameona shimo tupu," alisema. "Sisi wenyeji ndio tunaomwona. Shemeji, sikukuu ya Kaizari imefika. Kesho mchana jiwe linashushwa humu. Nikisema neno, nitalala naye."

Hidaya hakuaga mtu. Alishika njia ya mlima na kanga moja mwilini. Alipanda mashamba ya maharage na migomba, akapanda mpaka ukungu ukamfunika na mji ukapotea chini yake. Mara mbili alisikia hatua za mtu nyuma, nzito, za mtu aliyechoka. Aliposimama zilisimama. Akaendelea. Hofu ya mbele ilikuwa kubwa kuliko ya nyuma.

Alimkuta bibi Yuliana kibarazani anapura maharage, jua likizama.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Wewe ni mke wa mtani wetu." Hakuuliza. "Nilijua utakuja. Yule mtu aliyetumwa nilimsikia. Nilikuwa jikoni. Nilimwagia moto maji ili moshi usinisaliti."

"Kwa nini, bibi?"

"Padre ametuambia, anayerudi kwenye matambiko hapakwi mafuta akifa, wala hazikwi pamoja na wenzake. Nami sina mtoto, sina ndugu. Niliogopa kuzikwa peke yangu, mjukuu wangu. Ni woga tu."

Hidaya alimweleza yote, kitanda kisicholia, chakula chini ya mkeka, macho yaliyomfuata kutoka shimoni. Yuliana alisikiliza bila kuinua uso. Hidaya alipofika kwenye vikuku vya shaba, mikono ya bibi ikaacha kupura.

"Na mifupa imewekwa wapi?"

"Waliitupa mtoni."

Ukungu ukaingia barazani.

"Vile vikuku ni vya mama yangu," Yuliana alisema. "Nilimvika mwenyewe."

"Bibi, watani ndio waliomzika mama yako. Baba yake Hatibu ndiye aliyelala katika lile kaburi, akakombolewa. Leo mtoto wake yumo humo na hakuna wa kumwambia inuka. Nisaidie. Sina mtu mwingine duniani."

Yuliana aliingia ndani. Alikaa huko muda, Hidaya akisikia mnong'ono wa sala. Alitoka amejitanda kaniki yenye kingo za uzi mweupe, jogoo mwekundu kwapani.

"Kumwambia inuka ni kazi nyepesi," alisema. "Kaburi likifunguliwa, halifungwi tupu. Hilo ndilo zito." Hidaya hakulipima neno hilo. Alikuwa na furaha mno kumwona jogoo.

Usiku mvua ilishuka mlimani kwa hasira. Asubuhi vijito vyote vilikuwa vimefurika, na pale pa kuvukia ilibidi wangoje maji yapungue, Hidaya akizunguka huku na huku akilia, bibi ameketi juu ya jiwe na jogoo wake. Walikuwa bado wanangoja waliposikia sauti ikipanda kutoka chini mjini. Zilikuwa tarumbeta za Wadachi. Kisha ngoma. Kisha mzinga mmoja.

"Wameshusha," alisema Hidaya. Akaketi chini matopeni.

"Inuka," Yuliana alimwambia. "Twende."

Walifika wakati wa magharibi. Sherehe ilikuwa imekwisha, bustani imebaki na bendera na maganda ya machungwa. Jiwe lilisimama katikati, la mraba, jeusi kwa mvua, na tai wa chuma juu yake. Watu ishirini kwa minyororo na magogo ndio waliolishusha, nalo lilikuwa limekaa juu ya shimo barabara, limezibwa kwa saruji, usingeweza kupenyeza hata ukucha.

Yuliana alimweka jogoo chini ya jiwe. Hakumfunga wala hakumchinja. Jogoo aliwika mara moja, akajilaza kwa ubavu wa kulia, akafa.

"Inuka mtani," bibi alisema. "Nimekukomboa."

Hakuna kitu. Upepo wa mlimani ulipita juu ya miche. Kisha, kutoka chini kabisa, ikaja sauti ya Hatibu, mbali, imejaa udongo.

"Mwenye maiti amekuja?"

"Amekuja."

"Maiti yuko wapi?"

Yuliana alitazama upande wa mto.

"Nikitoka, ataingia nani?"

Ndipo Hidaya alipoelewa. Alimshika bibi mkono, akauona mkavu na wa baridi.

"Bibi, twende zetu. Tutafute njia nyingine."

"Njia nyingine ilikuwako asubuhi ile nilipoitwa. Nenda nyumbani, mjukuu wangu. Nenda moja kwa moja. Ukisikia lolote, usigeuke. Ukigeuka tutabaki wote watatu."

Hidaya alikwenda. Nasema alikwenda, kwa kuwa baadaye wapo waliomlaumu, na ni rahisi kulaumu ukiwa umekaa. Alikuwa na mume wa kumrudisha. Alipita kijia cha kokoto, kokoto zikilia chini ya nyayo zake. Nyuma yake jiwe likasaga. Lilisaga kwa uzito, taratibu, kama kinu kinachosogezwa. Likatulia. Likasaga tena.

Kisha akaitwa.

"Hidaya!"

Akaendelea.

"Hidaya, mwanangu! Nimeghairi! Nisaidie!"

Ilikuwa sauti ya bibi Yuliana. Au haikuwa yake. Bibi hakuwahi kumwita mwanangu hata mara moja. Hidaya alisimama mguu mmoja mbele, shingo ikitaka kugeuka yenyewe. Akafumba macho. Akaanza kukimbia, na ile sauti ikamfuata hadi barabarani, inalia, halafu ikakatika ghafla katikati ya jina lake.

Kabla hajafika mlangoni alisikia kitanda kikilalamika.

"Maji," mtu alikuwa akiguna ndani. "Hidaya, wallahi nakufa kwa kiu. Nipe maji."

Hatibu alikuwa kifudifudi. Kamba za kitanda zimebonyea. Mgongo wake umechanika, unavuja damu, viboko vyote vipo, vibichi, kana kwamba shaushi ametoka mle chumbani sasa hivi. Alikunywa maji ya mtungi mzima. Alilia kama mtoto alipokandwa. Hidaya alimkanda huku naye analia, kwa shukrani na kwa aibu, na hakuweza kuzitenganisha mpaka alipozeeka.

Asubuhi Mikidadi alikuja mwenyewe. Hakuingia ndani. Alisema tu kwamba pana kitu kwenye jiwe, na kwamba ni afadhali waje kabla ya Bwana Bustani.

Kutoka chini ya jiwe, kati ya jiwe na ardhi, ulikuwa umetokeza upindo wa kaniki. Urefu wake shubiri. Kingo zake zilikuwa zimeshonwa kwa uzi mweupe, mishono midogo ya masista wa misheni. Jiwe halikuwa limesogea hata unywele. Saruji yake ilikuwa nzima. Shaushi aliuvuta upindo kwa mikono miwili, ukakataa. Akaukata kwa kisu, akatupa kipande, akaenda zake. Kesho yake ukakutwa upo, shubiri ileile, na kingo zimeshonwa.

Mlimani padre alimtafuta Yuliana kwa siku nyingi, kisha akaacha. Hakupakwa mafuta wala hakuliliwa na mtu. Na Hatibu, mgongo ulipoanza kukauka, akasema haiwezekani. Mtu hawezi kuzikwa bila mtani. Hata akizikwa na nani, mzaha wake ni haki yake.

Walikwenda asubuhi peupe, watu wakipita kwenda sokoni. Hatibu alisimama mbele ya jiwe akiegemea fimbo. Alifungua mdomo mara ya kwanza, hakikutoka kitu. Mara ya pili akajikaza, akaweka mkono kiunoni kama zamani.

"Ewe bibi kizee," alisema, "huna haya? Umeninyang'anya kitanda changu nami bado nina usingizi. Basi hata shuka nigawie!"

Alijaribu kucheka. Hidaya, kwa ajili yake, naye akajaribu.

Upindo ukacheza. Hapakuwa na upepo. Ukatoka chini ya jiwe polepole, shubiri moja zaidi, kisha nyingine, ukaja mpaka ukagusa vidole vya mguu wa Hatibu, ukatulia hapo.

Kaniki ilikuwa na joto.